Namba ya Mtoto Aliyetetemeka

Ile kazi sikuiomba, nilipewa tu. Katikati ya miaka ya tisini nilikuwa karani wa masjala katika hospitali moja pale Mpanda, mwanamke mwenye hasira za karibu, asiyeweza kukaa kitini akatulia. Mgonjwa akiruhusiwa, nasoma alichoandika daktari, nafungua kitabu kikubwa cha Kiingereza kilichochanika jalada, natafuta ugonjwa ule una namba gani, naiandika kwenye faili kwa ajili ya takwimu. Malaria niliijua kwa kichwa. Walionisumbua akili ni vichanga.

Huyu ninayemkumbuka mama yake alikuwa na kifafa, mkulima wa Katumba. Alimeza vidonge vyake mimba yote, kama alivyoelekezwa. Mtoto akazaliwa vizuri, halafu baadaye akaanza kutetemeka mikono na kulia kwa sauti kali, usingizi hataki. Wodini wakanong'ona kwamba amerithi. Daktari akakataa kabisa. Akaandika kwa kirefu: mtoto ameizoea dawa tumboni, sasa imemkatikia ghafla, ndiyo maana anatetemeka, itapita. Mama aendelee na vidonge, asiache hata siku moja, akiacha ataanguka vibaya.

Nikahangaika na kile kitabu mpaka nikaipata: mtoto aliyeathiriwa na dawa alizotumia mama. Nikafurahi, maana si kila siku unapata namba inayomkaa mtu sawasawa. Lakini yale ya mama aendelee na vidonge hayakuwa na namba. Yakabaki ndani ya faili.

Sasa, kwetu ilikuwa ndugu akija dirishani kuchukua karatasi ya ruhusa, karani anamsomea ugonjwa kwa Kiswahili, kwa sababu wengi hawakusoma na waliosoma walishindwa na mwandiko wa madaktari. Siku hiyo dirishani alikuwa mwenzangu, mtu mpole ila kila kitu anakimbiza ili awahi chai. Baba wa mtoto alipofika, akamsomea maana ya namba tu: "Mtoto ameathiriwa na dawa za mama yake." Akagonga muhuri, akaita anayefuata.

Mimi nilikuwa nyuma kwenye makabati. Nikatoka mbio, baba mtu ameshaondoka.

"Umemwambia kwamba mke wake aendelee na vidonge?"

"Hiyo si kazi ya wodini, dada?"

Nilitamani nimgonge na ule muhuri wake. Wodini walikuwa wamemwambia mama, ndiyo, lakini baba hakuruhusiwa kuingia kule. Alichobeba ni maneno ya dirishani.

Nikakaa, nikasimama. Nikafungua faili la mtu mwingine, nikasoma mstari uleule weee, hauingii. Mwenzangu akanitania, "Dada, una siafu kwenye kiti?" Kwenye faili la yule mtoto paliandikwa kwamba wamefikia mtaa wa Shanwe, kwa dada wa mwanaume. Nikajifunga kitenge, nikaenda kwa miguu kwenye lile jua, nagombana na barabara nzima.

Niliwakuta uani. Mama ameketi kwenye mkeka na mtoto, na mtoto analia ile sauti. Baba amesimama kando ya baiskeli, mizigo imeshafungwa.

"Shemeji, vidonge vya mama viko wapi?"

"Nimevitupa chooni. Eti wodini wamemwambia aendelee navyo!"

Loo! "Vyote?"

"Vyote. Si nyie wenyewe mmesema pale dirishani? Dawa zake ndizo zimemharibu mtoto. Halafu unakuja kuniuliza."

Nikaanza kueleza, na kwa hasira zangu nikaeleza vibaya: daktari, tumboni, imekatika, itapita. Kadiri nilivyopandisha sauti ndivyo alivyozidi kunipa mgongo. Akasema mtoto ni wa kwanza, na mke wake atavumilia kifafa chake kama alivyovumilia zamani. Nilimchukia, na papo hapo nikamwonea huruma, maana kila mtoto alipolia aligeuka haraka kumtazama.

Mama akamhamishia mtoto bega la pili, akakunja mkono wa blauzi hadi juu. Kuanzia kiwiko mpaka kifundo cha mkono ngozi yote ilikuwa imejikunja na kung'aa, kovu la moto.

"Baba mtoto, hapa nilianguka jikoni nikiwa peke yangu," akasema taratibu. "Sasa nitapika nimembeba huyu. Siku nikianguka, utaanza kumtoa nani?"

Mwanaume akautazama ule mkono kana kwamba hajawahi kuuona. Kisha akainama kwenye baiskeli, akafungua kamba, akashusha mizigo mmoja mmoja hadi kiti cha nyuma kikabaki kitupu.

"Dirisha la dawa linafungwa saa ngapi?" akaniuliza.

"Sasa hivi," nikamwambia. "Nipakie, twende."