Wageni Waliokuja Kuangalia Mechi

Matokeo ya timu yetu ya taifa ya wanawake, ya huku visiwani, hayakufichwa popote. Mtu yeyote mwenye simu anaweza kuyasoma, mechi baada ya mechi, na wanafunzi wangu wameshayasoma. Siku moja niliingia darasani, katika shule ninayofundisha hapa Wete, nikawakuta wasichana wameinamia simu waliyokatazwa kuja nayo. Mmoja wao, asiyejua kuficha jambo, akaniuliza:

"Mwalimu, si ndiye wewe uliyekuwa ukidaka mechi hii?"

Nikaangalia. Jina la nchi ya wenzetu, jina la kwetu, na katikati matokeo: yao tarakimu mbili, yetu sifuri.

"Ndiye mimi," nikasema. "Haya, fungueni madaftari."

Nikageukia ubaoni huku masikio yakinichoma, mtu mzima mimi, mama wa watoto. Matokeo yale ni ya kweli, wala sina la kubishana nayo. Lakini aibu yangu haikutokea uwanjani peke yake. Sehemu yake kubwa ilitokea sebuleni kwetu, Gando, na mimi sikuwapo.

Sikuanza na mpira wa miguu. Nilipokuwa sekondari nilicheza neti boli, na nilikuwa na mikono. Mpira ukija juu, chini au umepindishwa, niliudaka. Ndipo akaja mwanamke mmoja kutoka Unguja, kocha wa timu ya taifa ya wanawake, akitafuta wasichana wa huku kwetu. Wanaojua kupiga mpira kwa mguu hakuwapata. Akaniona mimi ninavyodaka, akaniuliza kama nitaweza kusimama golini. Nilimjibu kwamba nitaweza. Nilikuwa sijawahi kusimama golini hata siku moja.

Kazi ilikuwa nyumbani. Ami yangu, ndugu wa baba, ambaye ndiye aliyekuwa akisalisha msikitini kwetu, alikuja kumwambia baba kwamba mtoto wa kike hakimbizani na mpira mbele za watu. Hakusema kwa ukali. Alisema kwa huruma, kama anayemwambia mtu kwamba paa la nyumba yake linavuja.

Baba alikuwa mkulima wa karafuu na muhogo, mtu wa maneno machache. Ujanani aliwahi kucheza beki katika timu ya mtaani, na mguu wake wa kushoto ulikuwa na kovu alilolipenda. Alimsikiliza ndugu yake mpaka mwisho, kisha akasema:

"Atavaa suruali ndefu na mtandio, na kocha wao ni mwanamke. Mtoto kaitwa na nchi, mie nimwambie nini? Nimwambie nchi ingoje?"

Baba akanitazama, akasema, "Nenda ukadake."

Kambini Unguja wenzangu waliicheka lafudhi yangu ya Kipemba, kisha wakanizoea. Kocha alinifundisha kuruka na kuanguka. Mbavu zilivilia damu, nikawa nalala upande mmoja. Hatukuwa na muda mrefu. Wengine katika timu walikuwa kama mimi, wametoka kwenye neti boli au mbio, na kulikuwa na wawili watatu waliokua wakicheza na kaka zao mitaani, hao ndio tuliowategemea. Tukavuka kwenda bara kwenye mashindano ya nchi jirani, tukiwa na jezi mpya zilizonukia plastiki, na mimi na glavu zangu za kwanza.

Wale tuliocheza nao walikuwa wamekua na mpira. Ilionekana tangu walipokuwa wakipasha misuli. Goli la kwanza liliingia kabla sijatoka jasho. Mfungaji alikimbilia kwenye kibendera cha kona, wenzake wakamfuata, wakacheza ngoma yao pale. La pili hivyo hivyo. Kila goli linapoingia, kipa ndiye anayegeuka kwenda kuuokota mpira wavuni, amewapa watu wote mgongo, na kila nilipoinama mtandio ulinishuka machoni nikawa nausukuma kwa mkono wa glavu.

Magoli yalipozidi, wale wasichana wakaacha kucheza ngoma. Wakawa wakifunga wanarudi katikati wakitembea tu, vichwa chini, kama watu waliotumwa kazi wasiyoipenda. Mshambuliaji wao, msichana mrefu mwenye pengo, alipofunga tena alikuja kunishika mkono akaninyanyua, akanipangusa majani begani. Hakunidharau. Alinionea huruma, nami nikaona bora angenicheka. Mtu akikucheka unaweza kumchukia.

Karibu na mwisho beki wetu alimwangusha mmoja wao, refa akaweka penalti. Watu walikuwa wameshaanza kuondoka majukwaani. Yule mwenye pengo ndiye aliyepiga. Sijui ni nini kilichonipeleka kushoto, nilikwenda tu, mpira ukaja kifuani nikaukumbatia nikalala nao. Beki wetu alinijia mbio akanipiga mgongoni, akarudi mahali pake. Basi. Mechi ikaisha, na magoli yakabaki yale yale.

Mechi zilizofuata za mashindano yale tulipoteza zote, ingawa hakuna iliyofika pale.

Nyumbani nilirudi kwa meli mpaka Mkoani, kisha kwa gari mpaka kwetu. Njia nzima nilijitayarisha kuchekwa. Nilikuwa nimeshatunga majibu. Baba alikuja kunipokea barabarani, akachukua begi langu, akasema, "Pole na safari." Majirani wakasema, "Pole na safari." Ami akapita baada ya sala ya Ijumaa, akaniuliza kama bahari ilikuwa shwari, akaniombea dua, akaenda zake. Hakuna aliyeutaja mpira. Watu waliokuwa wakiizungumza ligi ya wanaume tangu asubuhi hadi usiku, nikipita barazani wanaanza kuzungumza bei ya karafuu.

Siku ya pili, tukiwa jikoni tunakuna nazi, nikamuuliza mama.

"Kwani huku hamkupata habari za mechi?"

Mama aliendelea kukuna. "Tuliiona," akasema. "Ilionyeshwa. Baba yako alialika watu."

Ndipo akanieleza. Baba alikuwa amezunguka kijijini kuwaambia watu kwamba binti yake ataonekana kwenye televisheni, akicheza kwa ajili ya nchi. Alitandika mikeka sebuleni. Mama alikaanga bajia, akapika chai ya mchaichai na mkate wa kumimina. Wanaume walijaa, na wanawake wakakaa uwani mlango ukiwa wazi ili nao waone. Hata ami alikuja. Baba alimpa kiti peke yake, mbele.

"Ulipotokea," mama akasema, "baba yako alisimama. Akasema, yule pale, mwenye nguo ya manjano."

Goli la kwanza likaingia, wakasema bado mapema. La pili, wakamlaumu beki. Baadaye hawakusema kitu. Bajia zikapoa kwenye sinia kwa sababu hakuna aliyethubutu kuonekana anakula. Kisha mzee mmoja akainuka polepole, akamwambia baba, "Ndugu yangu, niwie radhi, naenda kumfunga ng'ombe."

Neno lilipomtoka alilisikia mwenyewe. Kila mtu akalisikia. Yule mzee alisimama mlangoni, kofia mkononi, akitafuta neno jingine la kusema, asilipate. Akatoka. Baada yake wakaondoka mmoja mmoja, huyu ana mgonjwa, huyu kaacha muhogo juani, na kila mmoja alimpa baba mkono na kumshukuru kwa chai. Ami ndiye aliyekuwa wa mwisho. Alimwekea baba mkono begani, hakusema neno. Angeweza kusema, nilikwambia. Hakusema.

"Na baba?"

"Alikaa peke yake," mama akasema. "Mie nikaingia kukusanya vikombe."

Nilikuna nazi ile mpaka nikajikata kidole. Nilikuwa nimejiandaa kwa kejeli, sikujiandaa kwa adabu. Nikaanza kuwaona wote kila nilipotoka nje: waliokaa kwa adabu sebuleni kwetu, wakainuka mmoja mmoja. Nikawa sitoki. Maji nilichota alfajiri. Nilipoalikwa harusini nilisema naumwa mbavu, na mbavu kweli zilikuwa zinauma.

Aliyeuvunja ukimya ule hakuwa na habari kwamba upo. Alikuwa bibi kizee wa nyumba ya pili, aliyekuwa haoni vizuri wala hasikii vizuri, na siku ya mechi alikuwa kwa mjukuu wake, huko Chokocho. Alirudi, akaja na ukili wake wa kusuka, akakaa ukumbini kwetu, akaniita.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba, ntoto wangu. Nasikia mmefungwa huko bara."

Baba alikuwa pale nje ya mlango akitia jembe mpini mpya, na nikasikia nyundo imesita.

"Ndiyo, bibi," nikasema.

"Maskini! Na wamekutoeni lini?"

Sikumwelewa. Akaniinamia, akashusha sauti, ile sauti ya mtu asiyesikia anayedhani ananong'ona. "Nambie mie. Mlifanya nini hata wakakufungeni? Na ndani walikulisheni?"

Mama, aliyekuwa mlangoni mwa jikoni, alijifunika uso kwa kanga. Mabega yakamtetemeka. Nami sijui kama nilicheka au nililia, maana vyote vilitoka pamoja. Nikamwambia bibi kwamba si jela, ni mpira, wenzetu walitufunga magoli.

"Mangapi?"

Nikamtajia. Ilikuwa mara ya kwanza hesabu ile kutamkwa nyumbani kwetu, tena ilibidi niitamke kwa kupiga kelele ili aisikie.

"Mengi hayo?"

"Mengi, bibi."

"Na nyie?"

"Hatukupata."

"Hata moja?"

"Hata moja."

"Ah," akasema, akarudia ukili wake kama mtu aliyenyang'anywa hadithi nzuri. "Mie nikadhani jela."

Baba akaingia na jembe lake mkononi. Tangu nirudi hakuwa amenitazama usoni kwa muda. Akaegemea ukuta.

"Kipindi cha pili," akasema, "mlijipanga kidogo?"

"Mwishoni, baba. Nilidaka penalti."

"Penalti?"

"Karibu na filimbi ya mwisho. Alipiga yule mrefu, nikaenda kushoto, nikaishika."

Nilisema upesi, kama mtoto anayeonyesha kitu alichookota. Nilidhani atafurahi. Baba alikuwa anaupapasa mpini kwa kidole gumba, juu chini, juu chini.

"Mie nilikuwa nishaizima," akasema.

Bibi alisuka. Katika umri wangu wote sikuwa nimemwona baba akiinamisha macho mbele yangu. Yeye aliyesimama mbele ya ndugu yake kwa ajili yangu, aliyetandika mikeka, aliyeachwa peke yake na vikombe, sasa alikuwa anaona haya mbele ya binti yake kwa kuzima televisheni. Nilitamani niirudishe penalti ile kinywani. Nilitamani nisingeidaka kabisa.

"Si kitu, baba," nikasema. "Na mie ningeizima."

"Kushoto?" akauliza.

"Kushoto."

Akatikisa kichwa, akatoka na jembe lake kwenda shamba, ingawa jua lilikuwa kali na si saa ya kwenda shamba.

Mwaka uliofuata niliitwa tena. Nilikwenda. Ami hakuja kusema neno, wala baba hakualika mtu. Tulifungwa tena, magoli machache kuliko mwanzo, na mara nyingine tena. Kila baada ya mechi baba alinipigia simu, tukasalimiana, akauliza mangapi, nikamwambia, akasema haya, nenda kale. Hakuniambia kama alikuwa akiangalia, nami sikuuliza.

Kisha ikaja siku tuliyomaliza mechi bila kufungwa. Sare, sifuri kwa sifuri, na tulilia uwanjani kana kwamba tumechukua kombe. Wenzangu walilia uwanjani. Mimi nilikuwa benchi. Golini alisimama msichana mwingine wa Pemba, mdogo kwangu, aliyejifunza kucheza golini kwa miguu na mikono, si kama mimi niliyetoka neti boli. Alidaka vitu ambavyo mimi nisingevifikia. Nilimkumbatia kama wengine walivyomkumbatia, na ndani yangu kulikuwa na kitu kichungu kama shubiri, nikaona haya nacho pale pale.

Baba akapiga simu.

"Mangapi?"

"Hatukufungwa, baba. Sare."

Kisha nikamsikia anamwita mama. "Leo hawakufungwa!" Mama akauliza, "Kwa hiyo wameshinda?" Baba akasema, "Hapana, hawakushinda." "Sasa?" "Hawakufungwa, mwanamke wee, nakwambia hawakufungwa!" Nikawa naita, "Baba, baba, sikudaka mimi," lakini simu ilikuwa mbali na sikio lake, na salio lake likaisha.

Nilimwambia niliporudi, tukiwa uwani tunachambua karafuu.

"Aliyedaka mtoto wa nani?" akauliza.

Nikamwambia ni mtoto wa mvuvi, wa huko Chokocho.

"Ntu wa huku huku basi," akasema baba, akaridhika, akaniambia niusogeze mkeka wa karafuu juani, kivuli kimeshafika.