Mti mbovu ndio kivuli pekee kilichobaki

Admin, kama umenizidi umri shikamoo, kama hujanizidi habari za saa hizi. Nifichie jina, maana hapa Masasi natukanwa vya kutosha. Mimi ni mwanamke wa miaka 38, nimeolewa, nina watoto. Kazi yangu ni kutunza miti ya mjini, ile ya pembeni mwa barabara na ya sokoni. Namwagilia miche, napogolea matawi yanayogusa nyaya za umeme, nahangaika na mchwa. Watu wakiniona na ngazi na panga wananicheka, eti mama mzima kazi yake kusalimiana na miti. Sijali, mdomo ninao na nawajibu hapo hapo.

Pale sokoni kulikuwa na mijohoro mikubwa iliyopandwa kabla sijazaliwa. Chini yake mama yangu mzazi anauza chai na vitumbua, na mimi nimekulia hapo hapo mgongoni kwake. Mwaka huu nikagundua kwamba baadhi ya ile mijohoro imeoza ndani. Ukiigonga inalia tupu, na kwenye shina imeota uyoga. Mingine mibovu imeshakauka matawi, haina kivuli, lakini mbovu kuliko yote ni ule mkubwa wa katikati, ingawa majani yake bado mabichi. Nikamweleza bosi wangu, akakubali mibovu ikatwe kabla mvua hazijaanza, akaniambia nichague mwenyewe ipi ikatwe na ipi ibaki. Mizima nikaizungushia duara la chokaa. Kwetu sisi wa mjini, mti uliopakwa chokaa ni mti wenye mwenyewe. Mibovu nikaiacha bila alama yoyote.

Aliyepewa kazi ya kukata ni shemeji yangu, kaka wa mume wangu, anaishi Makote. Ana chensoo, na maisha yake yote ni mikorosho. Siku ya kukata ilinikuta Chidya kwenye msiba wa mama yangu mdogo. Akanipigia simu, mtandao unakatika, nyuma yangu watu wanalia. Akauliza, "Shemeji, yenye duara ndiyo yenyewe?" Nikamjibu, "Ndiyo yenyewe, iangalie vizuri." Nikakata simu, nikarudi kwa wenzangu.

Jamani. Huko mashambani mkorosho usiozaa ndio unaochorwa duara, ili siku ya kukata watu wasihangaike kuutafuta. Mimi ni mtu wa Lupaso, jambo hilo nalijua toka utotoni, lakini siku hiyo halikunijia kabisa kichwani. Ilikuwa Jumapili asubuhi, watu wako kanisani, sokoni hakuna wa kuuliza. Shemeji alikata miti yote niliyoipaka chokaa. Nilipokuja kushuka kwenye gari nikaona jua limejaa sokoni kote, nikadhani nimeshuka sipo. Nilikaa kwenye kisiki kimoja nikalia mpaka watu wakaja kunishangaa.

Shemeji nilipomuuliza alisema yeye alifuata nilichomwambia, na tangu hapo hapokei simu yangu. Mume wangu naye anasema nisimkosee adabu kaka yake. Sokoni ndiyo usiseme. Wanawake wa mboga, wa dagaa, wa nguo, wote wananiita muuaji. Wengine wanasema nimekula njama na shemeji tuuze mbao. Ukaitishwa mkutano, watu wakafoka, na wakubwa wakaahidi mbele ya kila mtu kwamba hakuna mti mwingine utakaoguswa pale. Wakapigiwa makofi. Sasa mti pekee uliobaki na kivuli, pale katikati, ni ule ule mbovu.

Na soko zima limehamia chini yake! Wakubali wasikubali, hakuna kivuli kingine. Wamebanana na watoto wao, na majiko, na meza. Nikiwaambia umeoza wananijibu mbona majani yake mabichi, au nimebakiza mmoja unaniwasha mkono. Niliugonga mbele yao wausikie, mmoja akaniambia hata ukuta wa nyumba yake ukigongwa unalia hivyo. Nilienda kwa bosi nikamwonyesha udongo ulivyoanza kuinuka upande mmoja wa shina. Anajua nasema kweli, lakini aliniambia, "Vumilia kidogo hasira za watu zipoe." Mvua haisubiri hasira za mtu, nilimwambia hivyo na nikatoka.

Kinachonimaliza ni mama. Yeye nilidhani atanisikia. Nilimfuata kibandani nikamwamkia, nikachuchumaa, nikamsihi ahamie hata kibarazani kwa mtu. Ana presha, jua likimpiga anaanguka, na jua la huku mnalijua. Alinisikiliza mpaka mwisho, akanimiminia chai. Halafu akasema kwa sauti, wenzake wote wasikie, "Mwanangu, hawa wanakutukana na mimi nakutetea kila siku. Ukirudi hapa na panga, unikate mimi kwanza." Wale wanawake wakashangilia. Siku hizi kiti chake amekiegemeza kwenye shina kabisa, ili watu waone kwamba kwa mti huu hayuko upande wangu. Nikipita hanitazami.

Jana ndugu zetu wa Newala wamesema kwao imenyesha na upepo mkali. Leo asubuhi huku kumetanda. Nimefika sokoni mapema nikakuta mama anawasha jiko pale pale, nikasimama mbali, sikuweza hata kumwamkia.

Nishaurini ndugu zangu. Nikitafuta mtu aje aukate kwa nguvu watatupiga, na mama hatatoka pale chini. Nikinyamaza, ninajua kitakachotokea. Ila naomba asitokee mtu wa kuniambia nimpeleke mama kwenye kivuli kingine. Vivuli vingine vyote nilivichora duara mimi, kwa mkono wangu, ili vibaki.