Fulana ya PT juu, kikoi chini: nilivyomvalisha mwanangu siku ya mpaka

Wakuu, heshima kwenu, na ninyi vijana pokeeni marahaba kabla hamjaniamkia. Haya yametokea nyumbani kwangu hapa Bagamoyo, sijaongeza wala sijapunguza. Nimeshayaandika mara tatu nikayafuta.

Asubuhi moja mdogo wangu Shaweji alikuja akaniambia, "Kaka, leo kwenye mpaka wa shamba mlete mwanao Hamisi na ile fulana yake ya jeshi. Asiseme kitu. Asimame tu, waione."

Nilipaswa kukataa. Nikasema sawa.

Tuna shamba la minazi upande wa Mbegani, alituachia marehemu baba. Jirani yetu, Mzee Salumu, alikuwa anadai mistari miwili ya minazi ni yake, na siku hiyo mwenyekiti wa kitongoji alikuwa anakuja kuamua. Karatasi za baba tulikuwa nazo. Wazee wa kushuhudia alama tulikuwa nao.

Hilo ndilo linaloninyima utulivu mpaka leo. Tulikuwa na kila kitu.

Hamisi ni mwanangu wa pekee. Alikuwa askari, yuko nyumbani kwa likizo, na akirudi kambini angeenda kozi ya kupanda cheo. Kila alfajiri alikimbia ufukweni na nguo zake kamili za PT, yaani za mazoezi ya jeshi: fulana yenye jina la kikosi, bukta, soksi, raba.

Aliporudi na jasho lake nikamwambia asibadilishe, tunaenda shamba.

Alicheka kwanza. Alipoona sicheki akasema, "Baba, hii ni sare."

"Sare ni ile ya mabaka. Hii ni fulana ya kukimbilia."

"Hapana, baba. Inavaliwa yote au haivaliwi. Na ni ya mazoezi, siyo ya kesi ya minazi."

Hapo ningeweza kuacha. Lakini nikamwangalia na ile bukta, mapaja nje. Kwetu huwezi kumpeleka mwanamume mzima mbele ya wazee magoti yake yanaonekana. Nikaingia ndani nikatoa kikoi changu cha Ijumaa, nikamfunga kiunoni kwa mikono yangu. Raba zilikuwa na mchanga na maji, nikampa kandambili.

"Baba, hivi ndiyo mbaya zaidi."

"Mimi ni baba yako au mimi ni afande wako?"

Akavaa kandambili.

Samahani wakuu, nimeinuka kwenda mlangoni, kuna lori limepita. Nitawaambia kwa nini.

Tulipofika shambani Mzee Salumu alimpandisha Hamisi na kumshusha kwa macho, kisha akapaza sauti. "Ehee! Leo tumeletewa kikosi! Juu vitani, chini kitandani!"

Watu wakaangua kicheko. Hata mwenyekiti. Shaweji aliyetaka watu waogope akageuka akawa anatazama minazi. Hamisi alisimama wima, jasho limemkaukia. Binti wa Mzee Salumu akainua simu akapiga picha.

Kesi yenyewe haikuchukua hata nusu saa. Mwenyekiti alisoma karatasi, wazee wakaonyesha alama, mistari miwili ikawa yetu. Ile fulana haikusaidia chochote.

Picha iliingia kwenye group la WhatsApp la mtaa. Kutoka hapo sijui ilipita wapi, ila ilifika kikosini ikiwa na maneno kwamba askari anatisha raia kwenye mashamba.

Hamisi aliitwa kabla likizo haijaisha. Akaulizwa nani alimtuma. Akajibu hakutumwa, alivaa kwa akili yake mwenyewe.

Hilo niliambiwa na mwenzake aliyenipigia simu. "Shikamoo mzee. Njoo ueleze ilivyokuwa. Wakijua ni shinikizo la nyumbani, wanaweza kumwonea huruma."

Nilipanda basi. Nilifika Chalinze, nikashuka, nikanunua maji, nikakaa kwenye benchi. Nikajiona nimesimama mbele ya maafande, mzee mzima, naeleza jinsi nilivyomfunga mwanangu kikoi. Nikaona aibu. Nikapanda basi la kurudi.

Taarifa ikaandikwa kama alivyosema yeye: alichanganya nguo za jeshi na za kiraia, kwa hiari yake, ili kuwatisha watu. Kozi ikafutwa. Baadaye akaachishwa kazi.

Wenye watoto jeshini, nawasihi. Mtoto akikwambia nguo hii haichanganywi na za nyumbani, usimwambie ni fulana tu. Yeye ndiye atakayeulizwa, siyo wewe. Na ukishakosea, nenda ukaseme siku ile ile. Mimi nilikosea mara mbili, na ya pili ilikuwa kubwa kuliko ya kwanza.

Mliowahi kupatana na mtoto baada ya jambo kama hili, niambieni mlianzia wapi. Na wa kunisema waniseme, nitasoma zote.

Hamisi sasa anaendesha lori. Hupita Chalinze karibu kila wiki, na hajawahi kukata kona kuja Bagamoyo, hata Idi. Kikoi alikirudisha kwa kumpa kondakta wa basi, kimefuliwa na kukunjwa. Simu zangu hapokei.

Mistari miwili ya minazi ninayo. Mwanangu hana kazi ya jeshi, na mimi sina mwanangu.