Nusu Gini

Laurette alipoacha kusuka nywele, hakuacha kwa kupenda. Saluni aliyofanyia kazi ilikuwa chumba kimoja karibu na soko la Warwick, Afrika Kusini, na mwenyewe alikuwa Mkongomani mwenzake. Asubuhi moja lilipita kundi la watu wakiimba, fimbo mkononi, wakaagiza kila duka la mgeni lifungwe. Siku hiyo hawakuvunja kitu. Walisema tu kwamba watarudi. Mwenye saluni akateremsha mlango wa bati, akauza viti na vioo, akahamia Johannesburg. Laurette akabaki na vitana vyake ndani ya mfuko wa plastiki.

Tayari alikuwa mjane. Mumewe, Barthélemy, alikufa mwaka wa mafuriko makubwa, kilima kilipoporomoka na kuzoa vibanda vya bondeni, chao kimojawapo. Tangu hapo alikuwa amepanga chumba pamoja na wanawake wengine wa Bukavu, akiishi kwa kusuka. Sasa na kusuka kulikuwa kumekwisha.

Aliyemtafutia kazi nyingine ni Zadock, Mkenya aliyesali naye kanisa moja, mhadhiri wa uhasibu. Ofisini kwao alikuwako karani aliyeitwa Zuleka, mwanamke wa Chatsworth, ambaye mama yake alikuwa ameanza kupotewa na kumbukumbu kwa uzee. Kwanza kilimtoka Kiingereza. Kisha kikamtoka Kizulu, alichokizungumza sokoni na barabarani maisha yake yote. Kikabaki Kimakua cha wazazi wake, na Kiswahili alichofundishwa madrasa utotoni, na watu wa kuzungumza naye lugha hizo walikuwa wamekwisha kufa. Zuleka mwenyewe alijua salamu tu na majina ya vyakula. Zadock aliposikia hayo akamkumbuka Laurette.

Mama huyo aliitwa Bibi Atija. Watu wake huitwa Wazanzibari mpaka leo, ingawa wengi wao hawajaiona Zanzibar. Babu zao walikuwa Wamakua waliouzwa utumwani. Waingereza waliyakamata majahazi yaliyowabeba, wakawaleta hapa Natal kutoka Zanzibar, wakageuka vibarua. Waliishi Kings Rest, upande wa Bluff, karibu na msikiti wao, hadi serikali ya makaburu ilipowang'oa na kuwapeleka Chatsworth. Bibi Atija alihamishwa akiwa mke wa mtu. Laurette alipoanza kazi kwake, alikuwa anakaribia miaka tisini.

Siku za kwanza walielewana kwa shida. Kiswahili cha Laurette kilikuwa cha Bukavu, kimechanganyika na Kifaransa. Cha Bibi kilikuwa cha kitabuni, cha mwalimu wa madrasa. Lakini kilichomshinda Laurette zaidi kilikuwa maneno ya fedha. Bibi alimtuma dukani akanunue mkate wa tiki. Alimuuliza kama nauli ya basi bado ni sikisipeni. Akimwona Zuleka anatoka kwenda kazini, alimwonya asikubali kulipwa chini ya mpondo.

"Koko, tiki ni kitu gani?" Laurette alimuuliza, akimwita kama wanavyomwita bibi kwao.

Bibi alimtazama kama mtu aliyeulizwa chumvi ni kitu gani. Akamjibu kwamba tiki ni tiki, na asichelewe, duka litafungwa.

Zuleka ndiye aliyemfafanulia, aliporudi kazini. Kabla ya rand, alisema, fedha za nchi hii zilikuwa za Kiingereza. Peni kumi na mbili zilikuwa sheleni, sheleni ishirini zilikuwa pauni, na hiyo pauni Wazulu waliiita mpondo. Tiki ilikuwa kisarafu cha peni tatu, chembamba kama ukucha. Sikisipeni ilikuwa tiki mbili. Hafukrauni ilikuwa sheleni mbili na sikisipeni. Rand ilipoingia, pauni moja ikawa rand mbili, sheleni ikawa senti kumi, na wazee wakaendelea kuziita majina yaleyale, kwa sababu majina hayakubadilishwa benki. Hapo Laurette akaelewa kwa nini kikongwe mmoja muuza mizizi pale Warwick alikuwa akimtajia bei kwa mpondo. Miaka yote alidhani mwanamke yule anataja uzito.

Jumapili, wakitoka kanisani, alimsimulia Zadock. Zadock alifurahi sana. Kwao Kenya, alisema, shilingi bado iko hai, na vijana wa Nairobi huiita bob, neno la Waingereza ambalo Waingereza wenyewe wameshaliacha. Nyanya yake alihesabu bei ya ng'ombe kwa pauni mpaka alipozikwa, kila pauni shilingi ishirini, ingawa noti ya pauni hakuishika tena tangu usichana wake. Laurette naye akakumbuka makuta na zaire, zile noti za mama yake ambazo mwishoni zilijaa kapu zima na hazikununua sabuni. Walicheka hadi kwenye kituo cha taxi.

Bibi Atija alikuwa na saa zake mbaya. Zilimjia mchana, nyumba ikiwa kimya. Alikaa kwenye kiti karibu na mlango, amekunja sweta na kuipakata, na kila mtu akipita nje aliuliza, "Amerudi? Amepata sikisipeni?" Laurette alijaribu kumtuliza. Siku moja alitoa sarafu inayong'aa kwenye pochi yake, akamwekea kiganjani. Bibi aliigeuza, akaitupa chini. Akasema si hiyo, wale watu wanataka sikisipeni. Kisha akalia kwa sauti ndogo, na akaendelea kuitikisa ile sweta mapajani.

Laurette alipomuuliza Zuleka ni watu gani hao, Zuleka alikuwa anaosha mchele. Aliendelea kuuosha hata maji yalipokuwa yametakata. Ndipo akasema kwamba alikuwa na dada aliyezaliwa kabla yake, jina lake Mariamu, ambaye hakufikisha miaka miwili.

Ilikuwa enzi za Kings Rest. Mtoto alivimba koo, akawa anavuta pumzi kwa mlio kama mlango wenye kutu. Baba yao, Amisi, alikuwa kibarua bandarini. Jirani mmoja aliwaambia kwamba mjini yuko daktari mzungu anayepokea watu wote, na malipo yake ni nusu gini. Amisi alikwenda kwa msimamizi wake, akakopa noti ya sheleni kumi. Mtaani kwao gini na pauni vilikuwa kitu kimoja. Nusu yake basi ni sheleni kumi. Wakapanda basi, mama amembeba mtoto kifuani.

"Hakukuwa na sarafu ya gini," Zuleka alisema. "Wala noti. Lilikuwa neno tu, la madaktari na mawakili. Baba alidhani gini ni pauni iliyovaa tai."

Kumbe gini ilikuwa pauni na sheleni moja juu yake. Nusu gini ilikuwa sheleni kumi na sikisipeni. Karani wa daktari aliinyoosha ile noti mezani, akawaambia imepungua. Amisi aliomba mtoto aingizwe, naye ataleta iliyobaki. Karani akasema kanuni si yake. Basi Amisi akatoka mbio barabarani kuomba sikisipeni kwa watu asiowajua, na wengi walimpita. Mwishowe muuza matunda mmoja Mhindi akampa. Aliporudi, mlango ulikuwa umefungwa kwa chakula cha mchana, na mkewe amekaa kwenye ngazi. Mtoto alikuwa amekwisha kufa mapajani pake, na yeye alikuwa hajamwambia mtu.

Baba yao hakuzungumzia siku ile mpaka alipokufa. Mama alizungumzia mara moja, Zuleka akiwa msichana wa kuposwa, tena kwa maneno machache. Sasa akili zilipolegea, siku hiyo ndiyo aliyorudi kuiishi.

Tangu hapo Laurette hakumpa tena sarafu. Bibi alipouliza kama amerudi, alimjibu, "Yuko njiani, koko," akakaa chini karibu na kiti, akamshika mguu mpaka saa ile ipite. Walizoeana. Alimsuka mistari midogo chini ya ushungi, na Bibi alimfundisha kupika wali wa nazi bila kuukoroga. Zuleka alisema mama yake alikuwa ameanza kunenepa.

Baridi ilipoingia, Bibi alipata kikohozi. Kilianza taratibu, kisha asubuhi moja Laurette akamkuta anahema kwa kasi, midomo imebadilika rangi. Alimpigia Zuleka simu, haikupokelewa. Alikuwa kwenye mkutano na simu ameiacha mezani. Laurette hakungoja. Alimvika Bibi sweta mbili, akaita gari, wakaenda kliniki ya serikali iliyokuwa karibu.

Mlangoni palikuwa na kundi la wanaume na wanawake waliovaa fulana za aina moja. Hawakuwa wafanyakazi wa kliniki. Walikuwa wanamsimamisha kila anayefika na kumtaka kitambulisho cha Afrika Kusini, na asiyekuwa nacho walimgeuza. Mlinzi wa geti alisimama kando akitazama simu yake. Laurette alikuwa na karatasi yake ya ukimbizi. Kitambulisho cha Bibi kilikuwa nyumbani, kwenye kabati ambalo Zuleka hufunga kwa ufunguo.

Alisema kwa Kiingereza kwamba yeye hataki kutibiwa, anamleta mama huyu, na mama huyu ni raia. Mwanamke mmoja wa makamo, aliyeonekana kuwa mkubwa wao, aliinama akamuuliza Bibi kwa Kizulu jina lake na anakotoka. Bibi alimkodolea macho. Akamgeukia Laurette akamuuliza kwa Kiswahili huyu anasema nini. Laurette, bila kufikiri, akamjibu kwa Kiswahili.

"Mnawasikia?" akasema kijana mmoja. "Wote wawili wa kulekule."

Laurette akaanza kusihi. Alisema Bluff, akasema Kings Rest, akasema Chatsworth, akataja jina la Zuleka na mahali anapofanya kazi. Walimwambia alete kitambulisho. Bibi alikuwa anatazama nyuso zile, mlango uliofungwa nyuma yake, na mkono wa yule mwanamke uliokuwa umenyooshwa ukidai. Ikamwingia kwamba ni siku ileile ya mlangoni kwa daktari. Alijivuta, akasema kwa sauti iliyokuwa safi kuliko siku zote:

"Mume wangu amekwenda kutafuta sikisipeni. Anakuja sasa hivi. Mpokeeni mtoto kwanza."

Yule mwanamke alishtuka. Akalirudia lile neno, sikisipeni, polepole. Akawaambia wenzake kwamba gogo wake, bibi aliyemlea, alikuwa akilitumia. Kwa muda Laurette aliamini kwamba watapita. Mwanamke alimtazama Bibi tena, ushungi, sweta mbili, mikono iliyopakata hewa. Kisha akatazama foleni nyuma yao, na wenzake waliokuwa wakimngoja aseme, akasema kwamba kitambulisho ni lazima.

Laurette alimketisha Bibi ukingoni mwa barabara, akampigia tena Zuleka, tena na tena. Alipopokea, ilichukua muda mrefu kwake kufika nyumbani, kufungua kabati, na kuwafuata. Safari hii walikwenda hospitali kubwa, na jioni Bibi alikuwa kitandani na mrija wa hewa puani. Daktari alisema ni nimonia, na kwamba kwa umri wake kila saa ina uzito wake. Hakuuliza zilipotelea wapi saa za asubuhi. Bibi Atija hakumaliza wiki.

Alizikwa siku ileile aliyokufa, kama ilivyo ada yao. Wanaume walikwenda makaburini. Wanawake walibaki nyumbani. Laurette, Mkristo peke yake mle ndani, alikaa jikoni akimenya viazi. Kaka yake Zuleka aliporudi kutoka makaburini aliingia jikoni, akamuuliza mbele ya watu kwa nini alizungumza lugha yake pale getini. Angenyamaza tu, alisema, mama angepita. Laurette mwenyewe alikuwa amejiuliza hivyo tangu siku ile.

"Ilikuwa lugha ya mama," Zuleka akasema.

Kaka yake akatoka. Laurette akaendelea kumenya viazi.

Zuleka alipeleka malalamiko kliniki. Aliambiwa kwamba watu wale walisimama nje ya geti, na mambo ya nje ya geti si ya kliniki. Polisi waliandika maelezo. Hakuna aliyempigia simu baadaye.

Kazi ya Laurette iliisha, maana aliyemtunza hayuko. Zuleka alimpa baadhi ya nguo za Bibi na mshahara wa mwezi ambao hakuufanyia kazi, na wakaahidiana kutembeleana. Walitembeleana mara mbili. Ilikuwa vigumu, kila mmoja alimkumbusha mwenzake ile asubuhi.

Siku hizi Laurette anafanya usafi katika kiwanda cha rangi huko Jacobs. Akisimama kituoni na wanawake wa Bukavu huongea nao kwa kunong'ona, au hafungui mdomo kabisa mpaka wafike chumbani. Simu ya mama yake ikiita akiwa ndani ya taxi, huizima. Mwezi uliopita alipata homa, ikampanda mpaka akawa anaona ukuta unasogea. Zadock alikuja na gari lake ampeleke kliniki, akamwambia atasimama naye yeye mwenyewe mlangoni. Laurette alimshukuru, akajigeuza kuelekea ukutani, akaomba aletewe vidonge tu na maji.