Kigingi cha Tivane

Tivane alisugua Sahani ya Jua kwa miaka thelathini na mmoja, na mimi niliyekaa naye ukuta kwa ukuta miaka yote hiyo sikumsikia akijisifu hata siku moja. Kila alfajiri alipanda mnara na ndoo ya majivu na malimau, akaisugua ile shaba mpaka ikang'aa, kisha akaisukuma kwa bega. Sahani ikizunguka, jua linatoka. Mwaka aliougua mafua tuliamkia jua lenye ukungu siku mbili mfululizo, na watu wakamlaumu badala ya kumpelekea supu. Sisi watu wa mji wa Mirendu ndivyo tulivyo.

Msuguaji hupewa kigingi kimoja cha fedha, akakivaa shingoni. Akikichomeka kwenye tundu la ukingo wa sahani, jua husimama pale pale lilipo mpaka akichomoe kwa mkono wake mwenyewe. Kikishachomolewa kimekwisha kazi, hapati kingine. Hamrusi, msuguaji aliyemtangulia, alikitumia chake kwenye mchezo wa dama, ili giza lisiingie kabla hajasawazisha. Na mchezo akashindwa vilevile.

Kwa hiyo watu walimganda Tivane. Wafyatua matofali walitaka jua la ziada kila masika. Mama wa bwana harusi mmoja aliyechelewa alimpigia magoti kabisa. Mimi mwenyewe, sioni haya kusema, nilimwomba kwa ajili ya pilipili nilizoanika. Wote alitujibu neno moja: bado. Mumewe Orbeki, fundi viatu mwenye maneno mengi kuliko wateja, alikuwa akimtania mbele ya wageni.

"Huyu anakitunza ili siku nikifa apate muda wa kutosha wa kunisema."

"Na hautatosha," Tivane alikuwa akijibu, huku anapakua chakula.

Orbeki alikufa asubuhi ya Mfungo wa Kiru. Hakuchagua siku vizuri. Siku ya Kiru Mirendu nzima haili wala hainywi mpaka jua lizame, na kwetu maiti huzikwa kabla jua la siku aliyofia halijazama. Kabla ya udongo, uso wake hufunikwa na mtoto wake wa mwisho. Mtoto asipokuwepo, hufunikwa na mtumishi wa hekalu, mtu ambaye huuliza jina la marehemu akiwa tayari ameshika sanda. Orbeki alikuwa na mtoto mmoja tu, Nelua, aliyekuwa akifanya kazi kwenye mashamba ya chumvi, mwendo wa siku nzima kwa miguu. Jana yake alikuwa amepelekewa habari kwamba baba yake anaumwa, basi.

Jua likainama mpaka likakaribia kugusa kilima, na Nelua hajaonekana. Mtumishi wa hekalu akaanza kuuliza jina. Tivane akainuka pale mkekani, akajifunga shuka kiunoni, akatoka bila kumwambia mtu. Sisi tulijua pale tu vivuli vilipogoma kurefuka.

Nieleweke: Orbeki nilimpenda, na viatu nilivyovaa siku ile alivishona yeye. Lakini nilikuwa na chungu cha dengu jikoni kilichokwisha kuiva, na harufu yake haikujua kwamba kuna msiba. Nilikifunika, nikakifunua, nikakifunika tena. Mbuzi waliingia zizini, wakaona bado mchana, wakatoka. Muda ukapita, na ukapita tena, na jua limekaa tu juu ya kilima. Mwishowe kuhani Doshani akapanda ngazi za mnara, nasi nyuma yake midomo imetukauka. Kigingi hakiguswi na mwingine, kwa hiyo hakuwa na la kufanya ila kusema.

"Dada Tivane, watu wana njaa."

"Hata mimi nimefunga, baba."

"Na asipokuja je?"

"Basi mtakufa njaa, niwazike pamoja na Orbeki. Jua lipo."

Doshani akalifikiria hilo, akakaa kwenye ngazi. Sote tukakaa. Mtu mmoja huko nyuma akanung'unika kwamba angalau Hamrusi alitusimamishia jua tukiwa tumeshiba.

Halafu Nelua akatokea mwisho wa barabara, na alikuwa anatembea. Hilo ndilo lililonipandisha hasira. Alikuja taratibu, kama anatoka kisimani. Nilishuka kumpokea nikiwa na maneno yangu tayari.

"Mwanangu, mji mzima haujala, na wewe unatembea?"

"Nilikuwa nakimbia, shangazi," akasema. Miguu yake ilikuwa nyeupe kwa chumvi mpaka magotini, na imechanika. "Nimekimbia tangu alfajiri. Mliniambia anaumwa. Halafu nikaona jua limesimama. Mama hawezi kulisimamisha kwa ajili ya mgonjwa. Nikakaa njiani nikalia. Nilijua atanisubiri nimalize."

Nilimshika mkono, nikampeleka kwa baba yake.

Akamfunika uso mwenyewe, bila haraka, na hakuna aliyemhimiza. Tukazika. Udongo ulipokwisha kusawazishwa nilipanda mnara pamoja na Tivane, maana magoti yake yalikuwa yamechoka, na yangu pia, ila yangu hayakuulizwa. Chini watu wote walikuwa wanatuangalia. Akakishika kile kigingi, akakaa nacho mkononi, macho yake kule kaburini. Nikangoja. Nikawaza dengu. Nikamwuliza sasa anasubiri nini tena, mtoto si amefika na mzee si amezikwa.

"Nilimwambia hautatosha," akasema, akakichomoa.