Nilitangaza redioni kwamba mgomo wa Gerezani umekwisha, nami nilijua haujaisha

Wakuu, heshima kwenu.

Uzi huu unahusu kosa moja: kuupa uongo sauti yako, kisha kujitetea kwamba maneno hayakuwa yako. Nimevuka miaka themanini. Sina sababu ya kupamba.

Miaka ya hamsini, televisheni ikiwa bado kabisa, nilisoma habari katika redio ya serikali ya mkoloni hapa Dar. Tulizitafsiri kutoka Kiingereza, ofisa Mwingereza akagonga mhuri. Baada ya mhuri hubadilishi hata nukta.

Nilipanga chumba Kariakoo kwa Mzee Kondo, fundi wa karakana ya reli, mtaa wa Gerezani. Mafundi walikuwa wamegoma. Mzee mwenyewe alikuwa kitandani na homa.

Siku moja ikaja karatasi: mafundi wote wamerudi kazini.

Asubuhi ile nilikuwa nimepita Gerezani. Karakana ilikuwa kimya, mafundi wamekaa kiwanjani wanacheza bao. Nilimweleza ofisa. Akanijibu kwamba kazi yangu ni kusoma.

Nikasoma. Tena kwa madaha.

Majirani waliosikiliza na Mzee Kondo walicheka, wakasema hiyo ni redio ya Mzungu. Yeye hakucheka. Aliwaambia, "Huyu anakula kwangu. Hawezi kunidanganya."

Alfajiri akavaa ovaroli, akaingia karakana. Hakukuta mtu. Alipotoka, wenzake walikuwa wamefika kiwanjani, wakamwona.

Wakamwita msaliti. Salamu zake hazikuitikiwa. Hata msikitini walijitenga naye. Mzee akaacha kula.

Nami? Siku tatu nilikaa kimya, nikijiambia kwamba iliyosema ni serikali.

Siku ya nne mkewe akasimama mlangoni kwangu.

"Sauti yako ndiyo iliyomtia mume wangu aibuni, mwanangu. Leo itamtoa. Vaa viatu."

Alinitangulia hadi Gerezani. Mbele ya mafundi nikakiri kwamba nilijua mgomo haujaisha, nikasoma kwa kuwa karatasi imegongwa mhuri.

"Na hili umegongewa mhuri?" mmoja akanikejeli.

Nikasema hapana.

Kisha kiongozi wao akatuma watu wawili wakamchukue Mzee Kondo nyumbani, aje akae na wenzake.

Kazi niliipoteza wiki ile ile. Sijutii hilo, najutia zile siku tatu.

Nilichojifunza ni kwamba msikilizaji haiamini karatasi, anamwamini mtu. Mnaosoma habari leo kwenye runinga, mmewahi kupewa mnachojua si kweli? Mlifanya nini? Andikeni hapa, bila kujipendelea.

Aliyenivalisha viatu siku ile hakuwahi kusoma hata herufi moja. Aliitwa Bi Mwanahawa binti Shomari.