Sauti ya Msichana Mchunga Farasi

Jumapili, katika ukumbi wa sinema pale mtaa wa Flagey, niliketi nyuma ya bibi mmoja Mkirgizi na mama wa Kikongo anayemtunza. Ilionyeshwa filamu ya kwao bibi, ya enzi za Wasovieti. Msichana mchunga farasi alipofungua kinywa, bibi akanyoosha kidole.

"Yule ni mimi," akanong'ona kwa Kifaransa. "Sauti siyo yangu."

"Namna gani, maman?" akauliza yule mama.

"Studio ilimweka Mrusi aseme badala yangu. Filamu zangu zote."

Zote! Damu ilinichemka.

Taa zilipowaka, mama akamshika mkono. "Bon, sema basi. Tunakusikiliza."

Bibi akayasema maneno ya yule msichana kwa Kikirgizi, taratibu, macho kwenye skrini tupu. Watu walikuwa wanavaa makoti. Nilitamani kuwafungia mlango: rudini mketi, filamu ndiyo kwanza inaanza.